Kumpa Mmeta Giza

Mmeta haombi giza. Anapewa. Mtoto yeyote wa Kalemie analijua hilo kabla hajajua kuosha sahani, kama anavyojua kwamba mgeni haulizwi kama ana njaa. Anawekewa bukari, ugali wa kwao, mezani, basi.

Wameta ni watu wa mwanga. Hawana nyama wala mifupa. Wana urefu wa mtu na umbo ambalo ukilitazama moja kwa moja linakukimbia, kwa hiyo unakaa naye ubavu kwa ubavu, nyote wawili mkitazama ukuta. Juani huwezi kumwona, na yeye mwenyewe hajioni. Hata sauti yake husikika gizani tu. Mchana kutwa anatembea hivyo, bubu, hajulikani yuko wapi, na ndiyo maana watu humpa giza: wanampa mahali pa kujiona, pa kupumzika na pa kusema. Hushuka kutoka milimani wakati wa kiangazi, majani yanapochomwa, na kuzunguka kando ya ziwa nyumba kwa nyumba mpaka radi ya kwanza ya masika. Radi hiyo ya kwanza huvuka ziwa zima mpaka ng'ambo, nao huvuka ndani yake. Zinazofuata huanguka hovyo tu, hazimfikishi mtu popote.

Nyumbani kwa Papa Barthélemy, katika zile nyumba za matofali za watu wa reli, giza lilitolewa katika depo, chumba cha nyuma chenye magunia ya unga, kitanda kikuukuu na dirisha dogo. Mama Florentine alitundika mablanketi mawili dirishani na moja mlangoni. Papa, ambaye kazi yake siku hizi ilikuwa kuwaambia abiria kwamba treni bado, alisimama kizingitini na kusema maneno ya mwenye nyumba: "Giza hili ni lako." Kisha wakaondoka, maana si adabu kumkodolea macho mgeni anapoingia.

Aliyezoea kukaa naye alikuwa Evodie, binti yao wa mwisho. Evodie alikuwa amemaliza masomo ya ualimu na sasa alisubiri kupangiwa shule, na moyoni aliomba wasimpangie upesi. Sauti yake ilikuwa ndogo. Siku za mazoezi ya kufundisha, wanafunzi wa nyuma walinyoosha mikono, si kwa kujibu, bali kumwomba arudie. Lakini kule depo, bila mtu kumtazama, maneno yalimtoka vizuri. Mmeta alimpa habari za ufukwe: jinsi ndagala zilivyopotea huko Moba mpaka wavuvi wakaanza kulima, na jinsi harusi moja ya Kigoma ilivyokwisha kwa watu kula chakula chote na bibi harusi bado yuko saluni. Evodie alicheka akiwa ameziba mdomo.

"Wewe na mimi," Mmeta alimwambia siku moja, "tunasikika gizani tu."

Mgeni huyo alikuwa amejaa. Mama Florentine ndiye aliyeona kwanza, kwamba mwanga wake ulikuwa mzito upande mmoja, kama ndoo inayobebwa na mkono wa kushoto. Wameta hawana mume wala mke. Mmoja akijaa, hugawanyika, na anayetoka hapo ni mtoto. Nyumba inayopata bahati hiyo husimuliwa mtaani miaka mingi, kwa hiyo Mama alianza kutembea sokoni akiwa amenyoosha shingo. Lakini kuna jambo moja, nalo ni zito. Mtoto wa Mmeta hazaliwi na mwanga wake. Anazaliwa mtupu, anakaa katika giza tupu, na polepole anawaka mwenyewe. Mwanga wa kwanza anaouona ndio anaodhani ni yeye.

Siku ya kujifungua ilikuwa ya joto, na wingu lililokaa juu ya ziwa bila kusogea. Mama aliongeza blanketi la tatu dirishani. Papa alichomeka matambara chini ya mlango wa uani. Evodie alikaa sakafuni kwenye korido, ameshika ukingo wa blanketi la mlangoni ili upepo usilinyanyue. Umeme ulikuwa umekatika tangu mwanzo wa kiangazi, na hilo lilionekana ni msaada.

Sasa, Kalemie umeme ukikatika hakuna anayezima swichi. Zinaachwa zote zimewashwa, ili siku umeme utakaporudi mjue. Unaweza kuwa kisimani, unaweza kuwa kanisani, lakini ukirudi nyumbani na kukuta taa ya sebuleni inawaka, unakimbia kuchaji simu kabla haujaondoka tena. Ni desturi ya nyumba zote. Mwaka mwingine wowote Papa angefungua ampuli ya depo, ile balbu ya darini, na kuiweka kabatini kabla ya mgeni kuingia. Mwaka huu walikuwa wamekaa gizani muda mrefu kiasi kwamba hakuna aliyekumbuka kuwa depo ina ampuli.

Kelele zilianzia mbali, upande wa bandari, zikaja mtaa kwa mtaa kama mvua inavyokuja juu ya mabati. Watoto walikuwa wakishangilia. Evodie alizisikia na kufurahi, mara moja tu, kama kila mtu. Halafu ukingo wa blanketi alioushika ukawa mweupe.

Alipoingia, ampuli ilikuwa inawaka katikati ya dari, na juu yake kulikuwa na kitu kidogo kilichong'ang'ania kioo, kinatetemeka. Mmeta mwenyewe hakuonekana. Pale alipokuwa amelala, hewa ilikuwa inacheza kidogo tu, kama juu ya jiko.

Papa alikuja mbio akazima. Mtoto akanywea. Alikuwa wa ukubwa wa ngumi, akawa wa kidole, akawa uzi, na uzi ule ukatoa sauti nyembamba ambayo Evodie hakuwa amewahi kuisikia kwa kiumbe chochote. Mama akapiga kelele: "Washa, Barthélemy, washa, mutoto anakufa!" Papa akawasha. Uzi ukarukia ampuli na kunenepa tena.

Hivyo ndivyo mambo yalivyoanza.

Jioni umeme ukakatika. Mama alikuwa tayari na mshumaa, na mtoto akauhamia. Mshumaa mmoja ukaonekana mdogo, wakawasha wa pili. Papa Toussaint wa nyumba ya pili, anayechajia watu simu, akaleta grupu yake, ile jenereta ndogo nyekundu, akaifunga uani na kuvuta waya mpaka depo. Akina mama wa kwaya waliposikia wakaja na mishumaa yao ya kanisani, wakakaa kuzunguka chumba, wakipokezana. Mtu akaleta tochi. Mtu mwingine akaleta taa ya sola na kuitundika kwenye kitanda. Katika siku mbili depo ile ikawa inang'aa kuliko ukumbi wa harusi, na mtoto akawa anaruka kutoka mwanga huu kwenda ule, hatulii, kila mwanga ukiyumba naye anayumba. Toussaint alimwita Ampuli. Alisema hajaona mtoto anayekunywa esansi, petroli ya grupu, namna hiyo, hata lori la Manono lina nafuu. Mama Florentine hakucheka. Alimwambia mtoto wa watu hapewi jina na fundi wa simu.

Watu walifanya yote hayo kwa upendo, na Evodie naye alifanya. Alikata tambi za mishumaa, alikimbilia esansi barabarani, alikaa kwa zamu. Lakini hakuweza kukaa sana mahali pamoja. Alitoka depo kwenda uani kutazama wingu, akatoka uani kurudi depo. Wingu lilikuwa limeanza kuvimba. Radi ya kwanza ingeweza kupiga kesho au saa hii hii, na mama wa mtoto angeondokaje na mtoto anayedhani yeye ni mshumaa?

Na yule mama mwenyewe alikuwa wapi? Wengine walidhani ametoka nje. Evodie ndiye aliyegundua kwamba, kila chumba kilipozidi kung'aa, Mmeta alihamia kwenye kivuli kilichobaki. Kwanza alikuwa nyuma ya magunia. Wakasogeza magunia ili kwaya wapate pa kukaa. Sasa alikuwa chini ya kitanda, katika ukanda wa giza usiozidi upana wa mkeka uliokunjwa, na hata huko alikuwa amefifia kama moshi.

Evodie alilala kifudifudi, shavu sakafuni, akamtazama kwa pembe ya jicho.

"Unaumia?" aliuliza.

Sauti ilikuja kutoka mbali. "Mama yako ni mwanamke kweli. Mishumaa mingi hivi sijaiona hata Kigoma."

"Lakini mtoto."

"Mnamtunza vizuri."

"Niambie tufanye nini."

"Mnafanya vizuri," alisema Mmeta. "Ile taa ya sola ni nzuri sana."

Evodie alibaki pale chini, na vumbi la sakafu likimwingia puani. Alikumbuka safari ya Manono, alipokwenda kumtembelea shangazi yake. Shangazi alimpikia samaki wa kukaushwa aliyeanza kuharibika, naye kwa aibu akasema ni mtamu, akaongezewa, akasema ni mtamu, akaongezewa tena. Alikwenda kutapika nyuma ya nyumba. Aliporudi aliambiwa amebakishiwa wa kesho. Angeweza kusema neno moja tu. Hakulisema, kwa sababu alikuwa mgeni, na kwa sababu shangazi alikuwa anatabasamu.

Mmeta haombi giza. Kadiri anavyoumia ndivyo anavyosifu.

Alimkuta Papa uani, anamimina esansi kwenye grupu kupitia karatasi iliyokunjwa. Alisema alichotaka kusema, Papa akaweka mkono sikioni. Mashine ilikuwa inanguruma. Akarudia kwa sauti kubwa zaidi, na bado Papa akatikisa kichwa. Mara ya tatu ikabidi amshike bega.

"Tumpe giza, Papa."

"Nilimupa. Uliona mwenyewe, alibaki kama uzi."

"Ulizima, halafu ukawasha."

Papa alisimamisha chupa. Alikuwa mtu mpole, na katika siku hizo mbili ndevu zilikuwa zimemwota nyeupe. "Nilikuwa na roho ya kuangalia ile? Wewe uko na roho hiyo, Evo?"

Evodie alifikiri kuhusu sauti ile nyembamba. "Hapana," alisema. "Sina."

"Basi njo hivyo. Tungoje. Labda atajifunza."

Mama Florentine alikuwa amesikia kutoka jikoni. Alitoka na mwiko mkononi, akasema kwa sauti ya chini, kwa sababu ya kwaya, kwamba mtoto akizimika kwa mikono yao, mtaa mzima utasema mtoto wa wageni alikufia kwa Barthélemy, na hakuna Mmeta atakayepita tena kwenye nyumba za reli. "Akikufa na mishumaa yote inawaka," alisema, "angalau tulijaribu." Kisha akajifuta macho kwa kitenge na kurudi kwenye bukari yake.

Evodie alitoka. Hakuaga. Alishuka njia ya reli, akapita mabehewa yaliyoota majani, mpaka ufukweni. Ilikuwa alasiri, lakini wingu lilikuwa limeshuka na kufanya giza la kijani juu ya maji, na katika giza lile Wameta walikuwa wameanza kuonekana. Walikuwa wamesimama mchangani kwa makundi, kama watu wanaongoja mashua na mizigo yao. Hawakuwa wanatazama ziwa. Walikuwa wamegeukia mji, wanatazama juu, upande wa nyumba za reli, ambako nyumba moja tu ilikuwa inawaka mchana kweupe. Hakuna hata mmoja aliyekuja kumwita mwenzao. Wao pia walikuwa wageni.

Mbali sana, upande wa Kigoma, kitu kilimulika ndani ya wingu bila sauti.

Alirudi mbio, na alipofika uani alikuwa hajaamua chochote. Miguu yake ilikwenda moja kwa moja kwenye grupu. Alikuwa amemwona Toussaint akiizima mara nyingi. Akabonyeza kile kitufe cheusi, mashine ikakohoa, ikanyamaza.

Ukimya uliwaingia watu masikioni. Toussaint, aliyekuwa amelala kwenye kiti, akafumbua macho. "Eh, Evodie. Umenigusia grupu yangu, bibi yangu huyo."

Evodie alikuwa ameshaingia ndani. Kule depo ampuli ilikuwa imezimika na mtoto amehamia mishumaa, anaruka, anatafuta. Evodie alichukua taa ya sola akaitupa chini ya gunia tupu. Akazima tochi. Kisha akainama mbele ya mama wa kwanza wa kwaya na kupuliza mshumaa wake, akaenda kwa wa pili. Walikuwa wanamtazama wote. Hakuna mtu aliyewahi kumtazama kwa muda mrefu hivyo, uso wake uliwaka moto, lakini aliendelea kupuliza. Mama Glodie, mwenye sauti ya kwanza katika kwaya, aliuzungushia mshumaa wake viganja vyote viwili. Mtoto alikuwa ndani ya viganja hivyo.

"Binti, unaua."

"Samahani, Mama Glodie."

"Weye mwalimu, hapana? Wanakufundisha kuua watoto?"

Kutoka mlangoni Mama Florentine aliita jina lake, mara moja, kwa sauti ambayo haikuwa ya hasira. Papa alikuwa nyuma yake na kiberiti mkononi. Evodie alijua kwamba akingoja kidogo tu atakuwa amechelewa, si kwa sababu watamzuia, bali kwa sababu atamtazama mtoto. Alifumba macho. Alipuliza kati ya vidole vya Mama Glodie.

Halafu akasema yale maneno ya mwenye nyumba. Yeye hakuwa mwenye nyumba na hakuwahi kuyasema. Aliyasema kwa sauti iliyosikika mpaka uani, ambako Toussaint baadaye aliapa kwamba alidhani ni mtu mwingine.

"Giza hili ni lako."

Papa hakuwasha kiberiti. Blanketi la dirishani lilikuwa limening'inia kwenye msumari mmoja, na mwanga wa nje ulikuwa unaingia pembeni. Alipita katikati ya akina mama, akalinyanyua na kulibana ukutani kwa mikono miwili, akakaa hivyo, amewapa mgongo watu wote. Mama akashusha blanketi la mlangoni, akasimama juu ya ukingo wake.

Kitu cha kwanza walichokiona ni Mmeta. Alitoka chini ya kitanda na kusimama, na baada ya siku mbili za kufifia aling'aa mpaka wakageuza nyuso. Mtoto, ambaye alikuwa uzi tayari, akaanza kuelekea kwake. Sauti nyembamba ikaanza. Na hapo mama yake akafanya jambo ambalo Evodie hakulitegemea. Alijikunja. Alijizima kidogo kidogo, kuanzia pembeni kuja ndani, mpaka hapakuwa na mwanga wowote uliobaki kwake, ili mtoto asije akadhani kwamba mwanga huo nao ni yeye. Chumba kikawa cheusi kabisa.

Sauti nyembamba iliendelea. Kisha ikakatika.

Hakuna aliyesogea. Mtu mmoja wa kwaya alikuwa analia kwa pumzi. Evodie alikuwa amepiga magoti, kucha zimemzama kwenye mapaja, na kila sehemu ya mwili wake ilikuwa inataka kusimama na kutafuta kiberiti. Alihesabu pumzi za baba yake. Alitamani mtu yeyote aseme lolote, hata amtukane.

Radi ilipopiga, nyumba nzima ilitikisika. Ilikuwa kubwa, ndefu, na waliisikia ikiondoka juu ya maji, ikienda, ikienda, bila kuanguka. Weupe ulitaka kuingia dirishani. Papa aliweka kifua chake chote juu ya blanketi, na weupe ukaishia kuchora mstari kuzunguka mikono yake. Kila mtu ndani ya chumba alijua ni radi gani. Huko ufukweni wenzake walikuwa wameshaondoka. Mmeta hakusogea. Hakuwaka.

Mvua ikaanza kupiga mabati. Ilipiga sana, ikapungua, ikapiga tena.

Na chini, karibu na magunia ya unga, mahali ambapo hakuna aliyekuwa anatazama, kulikuwa na kitu. Kilikuwa hafifu kiasi kwamba Evodie alidhani ni macho yake. Kilikuwa na rangi ya maji yaliyooshewa mchele. Kikazimika. Kikarudi. Mtoto aligeuka kutazama nani anawaka nyuma yake, na mwanga ukageuka naye. Akageuka upande mwingine. Akazunguka, akazunguka, kama mtoto wa mbwa anayefukuza mkia, na kila alikogeuka alijikuta. Kisha akasimama.

"Yuko," ilisema sauti ya mama yake gizani.

Mama Glodie alianza wimbo, akashindwa kuumaliza.

Asubuhi jua lilitoka safi, kama kawaida baada ya mvua ya kwanza. Mmeta hangeweza kuvuka tena mwaka huo. Ilibaki njia ya nchi kavu, kulizunguka ziwa kwa miguu, wiki nyingi, na alitaka kuanza siku hiyo hiyo. Walizungumza naye depo kabla ya kupambazuka vizuri. Kusafiri usiku haikuwezekana, maana mtoto alikuwa na siku moja tu ya kujijua, na angekimbilia kila taa ya mjini. Mchana taa hazina nguvu. Lakini mchana mtoto asingemwona mama yake, wala kumsikia, mpaka wafike ng'ambo ya daraja la Lukuga ambako michikichi imesongamana na kivuli chake ni kizito. Papa alikuna kichwa. Mmeta alikuwa ameanza kusifu chai ambayo hawezi kunywa.

"Nitakwenda nao," alisema Evodie. "Mimi ananisikia. Nitasema njia yote, afuate sauti."

Wazazi wake walitazamana. Mama alisema kwa upole kwamba ni mbali, ni katikati ya mji, na watu watakuwa wameamka.

"Najua, Mama."

Aliondoa blanketi la mlangoni, wakatoka, na juani hakukuwa na mtu isipokuwa yeye. Akaanza kusema. Alisema njoo, tunapita kwa Papa Toussaint, kile kiti chake kimelowa. Alisema hapa kuna dimbwi. Alipofika barabara kubwa maneno ya njiani yalimwishia, akaanza kusema chochote: bei ya ndagala, jinsi ya kukanda unga wa mikate, somo la vokali alilofundisha siku ile watoto hawakusikia. Aliimba a, e, i, o, u mbele ya biro, zile ofisi za serikali, na askari mlangoni akaacha kutafuna muhogo. Wasichana wawili waliosoma naye walivuka barabara ili wasikutane naye. Vijana wa pikipiki walimwita, wakamwuliza anapiga simu gani isiyo na simu, na mmoja akasema waja wa Mungu wanaosema peke yao wameongezeka tangu mvua. Shingo yake ilikuwa ya moto. Hakunyamaza. Akinyamaza, mtoto angesimama katikati ya jua bila kujua pa kwenda, na labda alikuwa amesimama tayari, nyuma kabisa, kwenye lile dimbwi, na Evodie alikuwa anasema na hewa. Hakuwa na njia ya kujua. Alirudi hatua chache, akarudia maneno, akaendelea mbele.

Darajani lori la magunia lilipita na honi yake ikameza sauti. Alipiga kelele mpaka koo likamwuma, mikate, mikate, unakanda, unafunika, unangoja, akiwa ameshika chuma cha daraja, na mama mmoja aliyebeba beseni la samaki alimgusa mkono akamwuliza taratibu kama ana mtu nyumbani. Evodie aliitikia kwa kichwa, huku anaendelea.

Michikichi ilianza mbali kuliko alivyokumbuka. Aliingia chini yake anaongea, jasho likimtiririka, sauti imebaki mkwaruzo. Kulikuwa na ubaridi, na giza la majani mpaka chini. Alisimama. Alilazimika kunyamaza ili asikilize, na kunyamaza huko kulikuwa kugumu kuliko kusema.

Hakuna kitu. Ndege. Tone la maji kutoka kwenye makuti.

Halafu, upande wa kushoto, karibu na goti lake, sauti ndogo sana, isiyo na uhakika, ilisema, "Mikate."

Na nyuma yake ile nyingine aliyoijua ikajibu. Walizungumza wawili, kwa lugha yao sasa, kwa haraka, wakienda. Evodie hakugeuka kuwatazama. Alitazama mbele, ubavu kwa ubavu, mpaka hakuwasikia tena.

Alipotoka barabarani pikipiki ilisimama. Kijana alimwuliza anakwenda wapi. Alifungua mdomo na hakikutoka kitu, hata mnong'ono. Akaonyesha kwa kidole upande wa mji, akapanda.